Hongera, Maia Lekow

Tulimjua kwanza kwa sauti yake ya kuimba. Kisha Mkenya huyu na mumewe, Christopher King, wakashika kamera na kutupa filamu ya The Letter (2019). Ndani yake, kijana anarudi kijijini, Pwani ya Kenya, baada ya kuona kwenye Facebook kwamba bibi yake anaitwa mchawi. Bibi, aliyevuka miaka 90, yuko shambani na jembe lake. Nyuma ya tuhuma kuna ardhi.

Sisi wa Lusahunga, Tanzania, tunaielewa filamu hiyo: Kanda ya Ziwa yetu imezika wazee wengi waliosingiziwa uchawi. Mwaka 2025, kwa How to Build a Library, wawili hao waliigeukia Maktaba ya McMillan, Nairobi, na kumbukumbu zake za ukoloni. Lekow anasikiliza kabla ya kuhukumu.