Funda la Tatu

Kila anayemtaja Marcel Proust hutaja keki. Hata asiyewahi kufungua kitabu chake anakijua kisa: mtu kachovya kipande cha keki kwenye chai, kaonja, utoto wake wote ukamrudia. Kikisimuliwa hivyo kinakuwa kama kuwasha taa. Niliporudia kusoma sehemu hiyo, katika juzuu ya kwanza ya riwaya yake, iliyotoka Paris mwaka 1913, nilishika penseli nikawa nahesabu mafunda. Hakuna taa iliyowashwa pale. Kuna mtu anapapasa gizani, na kupapasa huko ndiko kulikoshonwa kwa ufundi.

Ni siku ya baridi. Msimulizi amerudi nyumbani, mama yake anamshauri anywe chai, kitu ambacho si kawaida yake. Anakataa, kisha anakubali bila kujua kwa nini. Zinaletwa keki ndogo zinazoitwa madeleine, zenye mistari mgongoni kama kombe la pwani. Kijiko cha kwanza chenye makombo kinamshtua: furaha imemjaa na hajui imetoka wapi. Combray, mji wa utoto wake, bado haujamrudia hapo, wala shangazi yake hajatokea. Furaha imetangulia, sababu yake haijulikani iliko.

Funda la pili halimpi zaidi ya lile la kwanza. La tatu linampa kidogo kuliko la pili. Mwandishi mwenye pupa angeikoleza ladha hapa, Proust anaizimua. Anayechovya mandazi kila asubuhi anaelewa, maana ulimi huzoea upesi. Lakini kuna sababu nyingine ya kifundi. Ladha ingezidi kukolea, tungeamini kinachotafutwa kimo kikombeni, na mtu wetu angeendelea kunywa tu. Inapofifia, inambidi aweke kikombe chini ajitafute mwenyewe. Anaziba masikio asisikie kelele za chumba cha pili. Anaipumzisha akili, anajaribu tena. Kitu kinatikisika chini kabisa, kama nanga inayong'oka, kisha kinatulia. Mara kumi anaanza upya, na kila mara uvivu unamnong'oneza aachane nayo, anywe chai yake, awaze shida za leo.

Sarufi nayo imetiwa kazini. Kijiko cha kwanza kinasimuliwa kwa wakati uliopita wa vitabu vya Kifaransa, tuseme ile -li- na -ka- ya hadithi. Kufikia funda la pili, vitenzi vimehamia wakati uliopo: ananywa, anaweka, anauliza. Msomaji hapewi tena habari za jambo lililokwisha; amekalishwa mezani, naye hajui kama kitu hicho kitapanda au kitazama. Kumbukumbu inapojitokeza, kitenzi kinageuka tena na kuchukua umbo linalokaribia -me- yetu. Mfasiri wa Kiswahili atakayezishughulikia kurasa hizi ana bahati: vifaa anavyo tayari.

Haikuwa hivyo tangu mwanzo. Katika rasimu zilizochapishwa mwaka 1954 kwa jina la *Contre Sainte-Beuve*, hakuna madeleine wala shangazi. Kuna mkate wa kubanika, na anayerudi ni babu. Naona udhaifu wake: mkate huliwa kila siku, ladha yake imeshapakwa siku nyingi mno hata haiwezi kumrudisha mtu kwenye siku moja. Madeleine ni tofauti, na Proust mwenyewe anatupa sababu: msimulizi alikuwa akiziona mara kwa mara kwenye trei za maduka bila kuzila. Macho yalikuwa yamezichosha. Ulimi ulikuwa bado umeweka akiba.

Filamu ya *Ratatouille* ya mwaka 2007 ilikichukua kisa hiki na kukipitisha njia ya mkato. Mhakiki Anton Ego anatia tonge mdomoni, kamera inazama kwenye jicho lake, tunamwona mtoto mlangoni mwa nyumba ya shamba, kisha kalamu inamponyoka mkononi. Tukio hilo ni zuri, nalo hunipata kila mara. Ila halina funda la tatu. Ego hahangaiki, anapokea.

Proust hata baada ya kumfikisha msimulizi kwa shangazi Léonie, aliyekuwa akimpa kipande cha madeleine kila Jumapili asubuhi, bado anabana. Anasema wazi kwamba hajui kwa nini kumbukumbu hiyo imemfurahisha kiasi hicho, na kwamba jibu litakuja baadaye sana. Lilikuja kweli: juzuu ya mwisho ilitoka mwaka 1927, yeye akiwa kaburini tangu 1922. Humo msimulizi, amezeeka, anajikwaa uani kwenye mawe yasiyolingana, na furaha ile ile inampanda kuanzia mguuni.