Kicheko na Uovu: Magazeti ya Vichekesho na Waovu wa Katuni za Marekani

1. Utangulizi

Vitabu vya katuni vya Marekani havijapewa nafasi kubwa katika mijadala ya fasihi. Wahakiki wengi huviona kuwa burudani ya watoto, au bidhaa ya kibepari isiyostahili kupotezewa wakati. Hoja hiyo ina ukweli ndani yake, kwani vitabu hivyo vilizaliwa sokoni, vikauzwa kwa senti 10 ili kumtajirisha mchapishaji. Hata hivyo, kazi ya sanaa haihukumiwi kwa mahali ilipozaliwa tu. Huhukumiwa pia kwa yale inayotuonyesha.

Makala haya yanakusudia kuchunguza wahusika wa aina moja, yaani waovu, pamoja na magazeti ya vichekesho yaliyokua ubavuni mwa katuni hizo. Swali letu ni hili: kwa nini baadhi ya waovu hukumbukwa kizazi hata kizazi, na wengine husahauliwa mara kitabu kinapofungwa? Dai letu ni kwamba mwovu hukumbukwa pale anapoifunulia jamii jambo ambalo shujaa hathubutu kulitamka. Na kwamba sheria ilipomziba mwovu kinywa katika mwaka 1954, kazi hiyo ilishikwa na gazeti la vichekesho. Jambo hili linatuhusu sisi pia, maana tuna desturi ya kuuliza kila kazi ya fasihi inafunza nini, kisha tukaridhika tukiona mwovu ameadhibiwa katika ukurasa wa mwisho.

2. Mwovu anayecheka

Tuanze na Joker, hasimu mkubwa wa Batman. Alitokea mara ya kwanza katika toleo la kwanza la Batman, mwaka 1940, akiwa kazi ya Bill Finger, Bob Kane na Jerry Robinson. Sura yake ilitokana kwa kiasi na ile ya mwigizaji Conrad Veidt katika filamu ya mwaka 1928, The Man Who Laughs, iliyotungwa kutoka riwaya ya Victor Hugo. Yafaa tukumbuke kwamba mhusika wa Hugo si mwovu hata kidogo. Ni mtu aliyekatwa uso utotoni hata akaonekana anacheka daima, ilhali moyoni ana huzuni. Watunzi wa Batman waliichukua sura hiyo wakaigeuza: huzuni ikatoka, ukatili ukaingia.

Joker wa mwaka 1940 ni muuaji. Hutangaza mbele ya watu nani atakufa na saa ngapi, na maiti anazoacha hubaki na tabasamu. Watunzi walikusudia afe katika toleo lile lile, lakini mhariri Whitney Ellsworth aliona kwamba mhusika kama huyo hapaswi kupotezwa, na mwisho wa hadithi ukabadilishwa. Kwa nini alistahili kuishi? Jibu la haraka ni kwamba angeuza vitabu. Jibu la kifasihi ni kwamba aliupa ulimwengu wa Batman kile ulichokosa. Batman ni tajiri anayetembea usiku akilinda utaratibu wa mji, naye hacheki. Joker ndiye pekee anayeuona mji huo kuwa mzaha. Kicheko chake ni hoja, ingawa ni hoja ya muuaji.

3. Waheshimiwa kama waovu

Mwanzoni mwa miaka ya 1950 kampuni ya EC, iliyoongozwa na William Gaines, ililipeleka jambo hili mbele zaidi. Kampuni hiyo inakumbukwa kwa hadithi zake za kutisha, na ni kweli kwamba nyingi zilijaa damu kupita kiasi. Lakini kati yake zilikuwapo hadithi ambazo waovu wake hawavai barakoa za ajabu wala hawana kemikali za sumu. Mathalani, katika "The Whipping," iliyotoka mwaka 1954, mwovu ni baba wa familia. Anachukia kwamba binti yake anampenda kijana wa asili ya Meksiko, anawachochea majirani wajifunike nyuso, nao wanampiga gizani hadi kufa mtu wanayemdhania kuwa kijana yule. Kumbe ni binti yake mwenyewe.

Msomaji ataona tofauti iliyopo. Joker humtisha msomaji kwa kuwa hafanani naye. Baba huyu humtisha kwa kuwa anafanana naye, au anafanana na jirani yake. Hapa mwovu amekuwa kioo, na kioo hakipendwi na kila mtu.

4. Sheria ya mwaka 1954

Mwaka 1954 daktari wa magonjwa ya akili, Fredric Wertham, alichapisha kitabu Seduction of the Innocent, akidai kwamba katuni huwafundisha watoto uhalifu. Si haki kumfanya Wertham naye kuwa mwovu wa katuni. Alisaidia kuanzisha kliniki ya gharama nafuu huko Harlem katika mwaka 1946, na ushahidi wake juu ya madhara ya ubaguzi shuleni ulitumika katika moja ya kesi zilizounganishwa katika shauri maarufu la Brown. Hata hivyo, utafiti wa Carol Tilley uliochapishwa mwaka 2012 ulionyesha kwamba aliyabadilisha maelezo ya vijana aliowahoji ili yaafiki dai lake.

Kamati ndogo ya Baraza la Seneti ilifanya kikao New York mwaka huo huo, na Gaines akahojiwa juu ya picha ya jalada yenye kichwa cha mwanamke kilichokatwa. Wachapishaji, kwa kuogopa serikali, walijitungia kanuni zao. Kanuni hizo ziliamuru kwamba mhalifu asionyeshwe kwa namna ya kumfanya ahurumiwe, kwamba wema ushinde uovu kila mara, na kwamba polisi, mahakimu na maofisa wa serikali wasionyeshwe kwa namna ya kuwavunjia heshima.

Tuyatazame masharti haya kwa jicho la mhakiki. Shujaa ambaye ushindi wake umeamriwa kabla hadithi haijaanza hana ushujaa wowote. Mwovu asiyeruhusiwa kuwa na sababu ni kinyago. Na pale ambapo mwenye mamlaka hawezi kukosea, swali la haki limefungwa kabla ya kuulizwa. Joker wa miaka iliyofuata akawa mtu wa michezo na vitendawili, asiyeua mtu. Tena kanuni hizo zilitumika kulinda mengine zaidi ya maadili ya watoto. EC ilipotaka kuchapisha upya "Judgment Day," hadithi ya mwanaanga anayekataa kuipokea sayari yenye ubaguzi, msimamizi wa kanuni alipinga kwa sababu mwanaanga huyo, anapovua kofia yake mwishoni, anaonekana kuwa mtu mweusi. Gaines alikataa kumbadilisha, na hadithi ikatoka mwaka 1956 katika kitabu cha mwisho cha katuni cha kampuni hiyo.

5. Gazeti la vichekesho lashika zamu

Kilichosalia mikononi mwa Gaines ni Mad. Lilianzishwa na Harvey Kurtzman mwaka 1952 likiwa kitabu cha katuni cha kawaida. Mwaka 1955 liligeuzwa kuwa gazeti kubwa la rangi nyeusi na nyeupe. Sababu ya kwanza ilikuwa kumridhisha Kurtzman asihame, lakini matokeo yake yalikuwa makubwa kuliko nia: kanuni za mwaka 1954 hazikuyahusu magazeti ya aina hiyo.

Mbinu ya Mad ilikwisha kuonekana katika "Superduperman" ya mwaka 1953, iliyochorwa na Wally Wood. Humo Superman amefanywa mtu duni anayetumia uwezo wake kumchungulia mwanamke asiyemtaka, na hasimu wake, Captain Marbles, ameacha kutenda mema ili achume fedha. Kejeli hii ilikuwa na shabaha ya kweli, kwani wachapishaji wa Superman na wa Captain Marvel walikuwa wakishtakiana mahakamani tangu mwaka 1941. Mashujaa wawili waliohubiri haki walikuwa, kwa hakika, mali mbili zinazogombaniwa.

Baada ya Kurtzman kuondoka mwaka 1956, Al Feldstein aliliendesha gazeti hadi mwaka 1985. Kijana wake wa jaladani, Alfred E. Neuman, mwenye pengo la jino, hucheka kama Joker anavyocheka. Tofauti ni kwamba Joker hucheka peke yake, naye Neuman humwalika msomaji acheke pamoja naye. Katika kurasa zake waovu ni mtangazaji wa sigara, mwanasiasa, mtengeneza filamu, na mara nyingi msomaji mwenyewe aliyekubali kudanganywa. Msomaji amjuaye Abunuwasi hatashangaa, maana amekwisha kuona jinsi mzaha unavyofika mahali ambapo lawama haifiki.

Mfano ulio bora kuliko yote ni "Spy vs. Spy" ya Antonio Prohías, mchoraji aliyeihama Cuba mwaka 1960. Wapelelezi wawili, mmoja mweusi na mmoja mweupe, wanauana kwa mitego ya ajabu. Leo huyu anashinda, kesho yule. Hawatofautiani ila kwa rangi ya mavazi. Kanuni ziliamuru wema ushinde uovu; Prohías aliuliza, bila neno hata moja, ni yupi kati ya hawa aliye mwema. Katika siku za Vita Baridi hilo halikuwa swali dogo.

Mwanzoni mwa miaka ya 1970 Mad liliuza zaidi ya nakala milioni 2 kwa toleo. Waigaji kama Cracked na Sick walichukua mzaha wake bila ukali wake; National Lampoon, lililoanza mwaka 1970, lilichukua ukali na mara nyingine likasahau utu.

6. Kurudi kwa mwovu

Kanuni zililegezwa mwaka 1971, na mwaka 1973 Dennis O'Neil na Neal Adams wakamrudisha Joker muuaji. Mwaka 1986 John Byrne alimfanya Lex Luthor, ambaye tangu mwaka 1940 alikuwa mwanasayansi mhalifu, kuwa mfanyabiashara mkubwa. Kwa maoni yetu hayo yalikuwa mageuzi ya maana zaidi. Luthor huyu mpya mji unamheshimu, na Superman mwenye nguvu zote hajui amkamate kwa kosa gani. Katika hadithi za mwaka 2000 alichaguliwa hata kuwa rais wa Marekani. Huyu ni ndugu wa yule baba wa "The Whipping."

Lakini si kila kurudi ni ushindi. The Killing Joke ya mwaka 1988, ya Alan Moore na Brian Bolland, inampa Joker historia na huruma, na inafanya hivyo kwa ufundi. Hata hivyo Barbara Gordon anapigwa risasi na kulemazwa ili wanaume watatu wapate jambo la kubishania. Maumivu yake hayana sauti. Kumpa mwovu kinywa kwa kumnyang'anya aliyeonewa chake si maendeleo.

Magazeti ya vichekesho nayo yalikuwa na msiba wake. Kufikia mwisho wa miaka ya 1960 Mad na Superman walikuwa mali ya kampuni moja, Kinney. Mkejeli na mkejeliwa wakala katika sahani moja. Mad lilijitahidi kukataa matangazo ya biashara tangu mwaka 1957, lakini liliyakubali mwaka 2001, na mwaka 2019 likaondolewa katika vibanda vya magazeti, likibaki kuchapisha zaidi kazi zake za zamani.

7. Hitimisho

Tumejaribu kuonyesha kwamba mwovu na mchekeshaji hufanya kazi moja kwa njia mbili: wote huuliza kama utaratibu uliopo ni haki. Sheria iliyotaka kumlinda mtoto dhidi ya mwovu ilimlinda pia mheshimiwa dhidi ya mtoto. Kwa hiyo mhakiki anapoisoma kazi yoyote, haitoshi aulize kama mwovu ameadhibiwa. Aulize kwanza ni nani aliyepewa uwezo wa kuamua mwovu ni yupi.