Ua Lisilongoja

Ukitaka kujua kama mtu amewahi kuchuma pareto, usimwulize, mtazame vidole. Mama mmoja wa upande wa Molo, ambaye siku hizi amebakiza mistari michache tu kando ya shamba lake la viazi, hupitisha mkono chini ya ua, shingo yake ikakaa kati ya kidole cha shahada na cha kati, kisha huinua. Kichwa hukatika bila kikonyo na kutua kiganjani. Mkono wenyewe hautazami. Macho yamekwisha kufika kwenye ua linalofuata, na huko ndiko uamuzi unakofanyika.

Ndani ya petali nyeupe kuna duara la manjano, nalo ni vijiua vingi vilivyobanana, vinavyofunguka pete baada ya pete kutoka ukingoni kuelekea katikati. Petali zikiwa bado wima, dawa ya kuua wadudu iliyomo haijakolea. Pete karibu zote zikishafunguka na petali zimelala sawasawa, hiyo ndiyo saa yake. Manjano yakianza kuwa kahawia, limepita. Mama huyu huacha ua hili akachuma la pembeni yake, na mgeni aliyesimama naye haoni tofauti yoyote kati ya hayo mawili. Lile lililoachwa litachumwa mzunguko ujao, wiki mbili tatu hivi, na atalikuta limemsubiri kwa siku chache tu.

Wala kazi haiishii mkononi. Haingii shambani kabla umande haujakauka, na kikapu hakishindilii, maana maua mabichi yakibanwa hupata joto na kuoza yangali humo humo. Nyumbani huyatandaza tabaka jembamba juu ya kitanda cha kukaushia na kuyageuza tena na tena. Kisha hulisugua moja kwa vidole: likimomonyoka limekauka, likikunjamana bado. Zamani mkulima alilipwa kwa kadiri ya nguvu ya dawa iliyomo, si kwa uzito peke yake, kwa hiyo uvivu ulionekana kwenye malipo.

Hadithi zina maua ya ajabu yanayosimamisha saa au kumrudisha mtu ujanani. Sisi wa Nakuru tulipewa letu, tena la kweli. Pareto asili yake ni Dalmatia, pwani ya Adriatiki, ambako huchanua mara moja kwa mwaka. Mmea huu hauwezi kutunga vichipukizi vya maua bila baridi. Ulipoletwa Kenya mwishoni mwa miaka ya 1920 na kupandwa Molo, Mau Narok na Kuresoi, zaidi ya mita 2,000 juu ya usawa wa bahari, ulikuta baridi ya usiku kila mwezi na jua la ikweta kila mchana. Kalenda ikaupotea. Ukawa unachanua sehemu kubwa ya mwaka, bila kujali kiangazi wala kipupwe cha kwao. Kule Tasmania, ambako sasa ndiko kwenye wakulima wakubwa wa zao hili, mashine hupita shambani mara moja kwa mwaka na kuvuna yote, yaliyoiva na yasiyoiva. Huku kwetu ua lilidai mkono urudi, na mkono ukarudi, ukarudi, mpaka ukajifunza.

Kabla ya Vita vya Pili vya Dunia Japani ndiyo iliyoongoza. Vita vikaufunga mlango huo, Kenya ikachukua nafasi, na kwa miongo kadhaa sehemu kubwa ya pareto ya dunia ilipitia kiwanda cha mjini Nakuru. Habari hiyo huwaambii vijana wa leo wakaiamini haraka.

Dawa yenyewe nayo ina mambo yake na wakati. Humwangusha mbu papo hapo, kisha jua likiipiga huvunjika na kupotea. Wataalamu waliona huo ni udhaifu, na kuanzia miaka ya 1970 zikaja dawa za kutengenezwa maabara, zinazofanana nayo lakini zinazodumu juani. Soko likazipenda. Mimi naona kudumu huko ndiko kosa: sumu isiyojua kuondoka ni mgeni mbaya.

Teremka sasa hadi Naivasha. Waridi nalo limefundishwa mambo ya saa. Tawi hukatwa karibu miezi miwili kabla ili ua lije kwa ajili ya Februari 14, na likishachumwa hulazwa kwenye chumba cha baridi, ujana wake ukasimamishwa mpaka litue Uholanzi. Wanaoyachagua wana jicho kali, siwavunjii heshima. Ila saa inayofuatwa pale ni ya sikukuu ya watu wengine.

Pareto haikuuawa na jua wala wadudu. Iliuawa na ahadi. Wakulima walipeleka maua yaliyokauka vizuri, wakangoja malipo msimu mzima, kisha mwingine, wengine miaka. Ua lisilongoja lilikabidhiwa kwa watu walioona mwaka si kitu. Hatimaye jembe likapita, vikapandwa viazi, vitanda vya kukaushia vikawa kuni. Ufundi ulikuwa kwenye mikono ya akina mama, na mikono hiyo ikahamia kwenye viazi.

Sasa miche ya pareto inagawiwa tena, na maofisa hupigwa picha wakiikabidhi. Vizuri. Lakini mche hauji na jicho la kuuchuma. Basi anayegawa miche aanze kwa kumtafuta mchumaji mzee katika kila kijiji, amweke mbele ya vijana shambani, na amlipe siku hiyo hiyo kabla ya jua kutua.