Dhima ya Muziki katika Filamu ya Danmark (1935)

Aghalabu wahakiki huuchukulia muziki wa filamu kuwa pambo la fani tu, kana kwamba ukiondolewa, maudhui yatasalia yalivyo. Makala haya yanaipinga rai hiyo kwa kuirejelea Danmark, filamu ya Poul Henningsen ya mwaka 1935. Ilitolewa miaka minne tu baada ya Præsten i Vejlby, filamu ndefu ya kwanza yenye mazungumzo ya Kidenmaki.

Henningsen, mbunifu wa taa na mtunzi wa nyimbo za jukwaani, alikuwa ameagizwa na Wizara ya Mambo ya Nje kuitambulisha nchi yake. Picha zake ni za maisha ya kawaida: mashamba, viwanda, bahari, watu kazini. Hata hivyo, wahakiki wa siku hizo waliishambulia vikali, na jazi ya Bernhard Christensen haikusalimika.

Kwa nini? Lau picha hizo zingeambatanishwa na nyimbo za kizalendo, Denmark ingeonekana kuwa urithi wa kutunzwa. Jazi inaigeuza kuwa nchi inayojiunda kila siku. Picha ni zile zile. Maana siyo ile ile.

Kasoro ipo. Mdundo mchangamfu huweza kuifanya kazi ya sulubu ionekane mchezo. Lakini hata kasoro hiyo ni ya kimaudhui, na imezaliwa na muziki. Hatuna budi, basi, kuusikiliza muziki kama tunavyoyasoma maneno.