Shajara za Mawaziri na Uundaji wa Sera Nchini Uingereza: Uhakiki wa Ushahidi wa Richard Crossman kuhusu Waasia wa Kenya, 1968

Ikisiri

Makala hii inahakiki shajara za mawaziri wa Uingereza wa baada ya Vita vya Pili vya Dunia kama ushahidi wa namna sera zinavyoundwa. Mfano mkuu ni shajara ya Richard Crossman kuhusu Sheria ya Wahamiaji wa Jumuiya ya Madola ya 1968, iliyowafungia mlango Waasia wa Kenya waliokuwa na pasipoti za Uingereza. Tunadai kwamba shajara humrejesha mtendaji anayefichwa na kumbukumbu za vikao, lakini nayo ina njia zake za kumficha mtendaji, hasa mtendaji huyo anapokuwa mwandishi mwenyewe.

1.0 Utangulizi

Mtafiti anayetaka kujua kwa nini serikali iliamua jambo fulani hutafuta kwanza kumbukumbu za vikao. Nchini Uingereza, kumbukumbu za Baraza la Mawaziri humtaja waziri aliyewasilisha hoja, kisha hufupisha mjadala bila kueleza nani alisema nini, na hatimaye hutoa uamuzi kana kwamba umetoka kinywani mwa wote. Mtindo huu unalinda kanuni ya uwajibikaji wa pamoja. Juu ya hayo, nyaraka zenyewe hukaa zimefungwa. Sheria ya 1958 iliweka miaka 50, marekebisho ya 1967 yakaishusha hadi 30, na sheria ya 2010 ikaanzisha safari ya kuifikisha 20.

Shajara za mawaziri zimejipenyeza katika pengo hilo. Tatu zinajulikana zaidi, nazo ni za Richard Crossman, Barbara Castle na Tony Benn, wote wakiwa mawaziri katika serikali ya Harold Wilson ya Chama cha Labour. Kwa kuwa waandishi hawa walikaa kwenye meza moja, watafiti wengi wamezitumia kana kwamba ni kumbukumbu za vikao zilizotiwa majina. Makala hii inautilia shaka utumiaji huo.

2.0 Mgogoro wa kuchapisha

Crossman alifariki mwaka 1974. Serikali ilipopata habari kwamba shajara yake inaandaliwa kuchapishwa, Mwanasheria Mkuu aliiomba mahakama iweke zuio. Mwaka 1975 Jaji Mkuu, Lord Widgery, alikubali kwamba mazungumzo ya Baraza yanaweza kulindwa na sheria ya usiri, lakini akakataa kuzuia juzuu ya kwanza kwa sababu mambo yaliyosimuliwa yalikuwa na umri wa takribani miaka kumi. Kamati iliyoongozwa na Lord Radcliffe ilipendekeza mwaka 1976 kwamba mawaziri wangoje miaka 15. Hata hivyo, mwaka 1980 Castle alichapisha shajara yake ya miaka ya 1974 hadi 1976.

Kiini cha kesi hii hakikuwa siri za ulinzi wa nchi. Hoja kuu ya serikali ilikuwa kwamba mawaziri hawawezi kujadiliana kwa uwazi ikiwa kila mmoja anajua maneno yake yatatolewa hadharani. Kwa mtafiti wa lugha, huu ni mgogoro kuhusu nani aruhusiwe kuwa kiima cha sentensi za historia ya taifa.

3.0 Februari 1968

Kenya ilipopata uhuru mwaka 1963, wakazi wengi wenye asili ya Bara Hindi walibaki na uraia wa Uingereza. Sheria za Kenya za 1967 kuhusu uhamiaji na leseni za biashara zilibana nafasi za wasio raia, na maelfu wakaanza kukimbilia Uingereza. Waziri wa Mambo ya Ndani, James Callaghan, aliwasilisha muswada uliopitishwa na Bunge kwa siku chache tu na kuwa sheria tarehe 1 Machi 1968. Aliyeweza kuonyesha kwamba mzazi au babu yake alizaliwa Uingereza alipita. Wengine waligawiwa vibali 1,500 kwa mwaka kwa wakuu wa familia. Sheria haikutaja rangi popote, lakini kigezo cha babu kiliifanya kazi hiyo.

Juzuu ya Crossman inayosimulia siku hizo ilitoka mwaka 1976, ilhali nyaraka rasmi zilifunguliwa Januari 1999. Kwa zaidi ya miaka ishirini, basi, shajara hii ilikuwa dirisha muhimu la kuuona mjadala huo. Akisimulia kikao cha kamati ya mawaziri, Crossman anaeleza kwamba miaka michache kabla ya hapo, kuwanyima raia wa Uingereza haki ya kuingia nchini mwao kungeonwa na wote waliokuwamo kuwa usaliti wa misingi yao. Sasa walikuwa wakisoma kwa sauti, bila kusita, maelezo waliyoandaliwa na wizara zao.

Uamuzi wenyewe tayari tulikuwa tunaujua kutoka katika sheria. Shajara inatuongezea picha ya namna dhamiri ilivyolegea, na njia iliyotumika ni ya kilugha: waziri anasoma matini iliyoandikwa na mwingine, na kwa kuisoma anaifanya kuwa kauli yake.

4.0 Uhakiki

Ushahidi huo una uzito, lakini una kasoro tatu.

Kwanza ni suala la nafsi. Kiswahili kinatusaidia kuliona. Katika kumbukumbu za vikao tunaandika "iliamuliwa", kauli ya kutendwa ambayo bado inaruhusu swali "na nani?" Tukiandika "ilikubalika", kauli ya kutendeka, hata nafasi ya kumtaja mtendaji imetoweka. Shajara inaonekana kuwa tiba ya ugonjwa huu kwa kuwa inasema "mimi". Crossman anakiri kwamba alikuwa upande wa Callaghan, akieleza kwamba jimbo lake, Coventry, lilikuwa katika eneo lenye chuki kubwa ya rangi. Lakini aibu inapofika, wanaosoma maelezo ya wizara ni "wao". Anapoeleza hesabu za kisiasa yeye ni mshiriki. Anapoeleza anguko la maadili anageuka mtazamaji.

Pili ni suala la kusudi. Crossman alikuwa mwanazuoni kabla ya kuwa waziri. Mwaka 1963 aliandika utangulizi wa kitabu cha Walter Bagehot kuhusu katiba ya Uingereza, akidai kwamba mamlaka ya Baraza yamehamia kwa Waziri Mkuu. Shajara yake, aliyoisimulia kwenye kinasa sauti, ilikusudiwa kuonyesha jinsi serikali inavyoendeshwa kwa ndani. Picha ya mawaziri wanaosoma tu walichoandikiwa na watumishi wa umma inaafikiana mno na fikra zake. Mwamba ngoma ngozi huivutia kwake. Nyaraka zilizofunguliwa mwaka 1999 zinaisahihisha picha hiyo, kwa kuwa Waziri wa Jumuiya ya Madola, George Thomson, aliweka mezani waraka ulioonya kwamba hatua hiyo ni ubaguzi wa rangi. Si wote, basi, waliosoma bila kusita.

Tatu ni suala la ukimya. Waasia wa Nairobi wanaingia katika simulizi hii kama idadi ya kupunguzwa. Ili kuwakuta kama watu wenye madai, mtafiti hana budi kwenda kwingine, kwa mfano katika ripoti ya Tume ya Ulaya ya Haki za Binadamu ya 1973, iliyoona kwamba ubaguzi waliotendewa baadhi ya walalamikaji kutoka Afrika Mashariki ulifikia kiwango cha kudhalilisha utu. Ripoti hiyo nayo haikuchapishwa hadi 1994.

5.0 Hitimisho

Kwa watafiti, pendekezo letu ni kwamba shajara isisomwe kama kumbukumbu ya kikao iliyokamilishwa. Isomwe sambamba na nyaraka rasmi, na msomaji afuatilie viambishi vya nafsi, hasa pale "sisi" inapogeuka "wao". Ungamo linalomgharimu mwandishi lina thamani kubwa zaidi ya sifa anazojipa, lakini hata ungamo hugawa lawama.

Kwa washauri wa sera katika ukanda wetu, ambako Kiswahili kinazidi kuingia katika vikao vya serikali na vya kikanda, funzo ni la kiutendaji. Serikali ikificha majina na sababu, historia yake huachiwa yule mwenye kalamu nyepesi zaidi miongoni mwa waliohudhuria. Tunapendekeza kwamba kumbukumbu zetu ziandike pingamizi na sababu zake, hata kama jina la mpingaji litahifadhiwa kwa muda uliowekwa na sheria. Onyo la Thomson lilisubiri zaidi ya miaka thelathini. Familia zilizozuiwa zilihitaji kujua mapema zaidi kwamba hoja yao ilikuwa imesemwa ndani ya serikali, na kwamba ilishindwa.