Wakati haukuja na meli: jibu kwa mwalimu wa Muthetheni

MWALIMU mmoja wa Kiswahili huko Muthetheni, Kaunti ya Machakos, ameniandikia akitaka nimwamulie. Mwanafunzi wake ametunga insha kuhusu mswada wa kale: anayeusoma kwa sauti huurudisha wakati nyuma au kuukimbiza mbele. Mwenzake katika idara anataka insha hiyo ikatwe alama, eti ni njozi ya Kizungu, kwa kuwa Mwafrika wa jadi hakuwaza wakati ujao wa mbali.

Hoja hiyo ina mwenyewe, tena ni mwana wa Ukambani. John Mbiti, aliyezaliwa Kitui mwaka wa 1931, alichapisha African Religions and Philosophy mwaka wa 1969. Humo aliyachukua maneno mawili ya Kiswahili, Sasa na Zamani, akayafanya istilahi. Alidai kwamba kwa Mwafrika wakati una pande mbili tu, uliopita na uliopo. Ujao wa mbali haupo kwa sababu matukio yake hayajatokea. Ushahidi wake mmojawapo ulikuwa njeo za vitenzi vya Kikamba na Kikuyu, ambazo kwa maoni yake hazivuki miaka miwili mbele.

Ninamheshimu Mbiti, lakini hapa hoja yake inachechemea. Njeo ni kipimo cha sarufi, si ukuta wa mawazo. Kiswahili kina -ta- moja tu: "nitakuja jioni" na "Kiyama kitakuja" hutumia kiambishi kilekile. Wanaisimu wanatueleza kwamba -ta- hiyo ilitokana na kitenzi "taka". Hata "will" ya Kiingereza ilianza hivyohivyo, kama neno la kutaka. Tena Kiingereza hakina kiambishi cha wakati ujao ndani ya kitenzi. Je, tuseme Waingereza ni watu wasio na kesho? Hebu tuwe wakweli, hakuna anayesema hivyo.

Isitoshe, Ukambani penyewe panampinga. Simulizi za huko zinamtaja Syokimau, mwanamke aliyetabiri nyoka mrefu atakayeikata nchi. Wengi huiona humo reli iliyoanza kujengwa Mombasa mwaka wa 1896 na kufika Kisumu mwaka wa 1901. Hata kama utabiri huo ulitiwa chumvi baada ya reli kupita, jamii inayomtukuza mtabiri ni jamii inayokubali kwamba kesho inaweza kuonwa leo.

Hata hivyo, tusimtupe Mbiti pamoja na kosa lake. Alitupa wazo lenye nguvu: marehemu huendelea kuwa ndani ya Sasa maadamu wapo wanaomkumbuka kwa jina. Chukua riwaya ya Said Ahmed Mohamed, Babu Alipofufuka (2001). Babu anamrudia mjukuu wake, K, na kumtembeza katika yaliyopita na yatakayokuja. Methali yetu husema majuto ni mjukuu, huja kinyume. Mwandishi ameigeuza: aliyekuja ni babu, na majuto yanamfuata mjukuu angali hai. Wakati unapindwa ili mtu aulizwe alichokifanya. Wala Said Ahmed hayuko peke yake. Euphrase Kezilahabi katika Nagona (1990) na Mzingile (1991), na Kyallo Wadi Wamitila katika Bina-Adamu! (2002), waliuvunja wakati wa saa na kalenda zamani. Anayeiita njozi hii ya Kizungu hajafungua rafu yake mwenyewe.

Na mswada je? Nao ni wetu. Utenzi wa Tambuka, kutoka Pate, kwa kawaida hutajwa kuwa wa mwaka wa 1728, nao uliandikwa kwa hati ya Kiarabu. Miswada ya aina hiyo imehifadhiwa Dar es Salaam na London. Mtoto wa Muthetheni hahitaji kasri la Ulaya ili apate kitabu cha kale. Sanduku la Pate linatosha.

Basi alama zikatwe wapi? Zikatwe pale aliposema "saa ilipogonga kumi na mbili usiku wa manane". Hapo ndipo Uzungu ulipoingia, si kwenye njozi. Saa zetu huhesabiwa tangu macheo na machweo. Usiku wa manane ni saa sita. Mtu asiyejua siku yake inaanzia wapi atawezaje kuirudisha nyuma?

Zikatwe pia kwa sababu mswada wake hauna gharama. Msomaji anarudi jana, anarekebisha mtihani, basi. Lugha yetu ingemfunza zaidi. Tunacho kiambishi -ngali-: "angalisoma, angalipita." Kiambishi hicho huturudisha kwenye jambo lililokwisha na kulibadilisha, lakini katika sentensi tu, nje ya sentensi, mtihani umeanguka vilevile. Hadithi ya mswada wa wakati inaishi katika pengo hilo kati ya linalosemeka na linalotendeka.

Uamuzi wangu, mwalimu, ni huu: mpe alama za ubunifu zote. Za saa, mkate. Kisha mwambie aiandike tena, na safari hii anayerudi jana apoteze kitu.