Sinema Bubu na Suala la Sauti Iliyopotea

Ni mazoea ya wahakiki wengi kuichukulia sinema bubu kuwa sanaa ya picha pekee. Historia ya Japani inaupinga mtazamo huo. Hadi miaka ya 1930, filamu za huko zilioneshwa pamoja na benshi, yaani msimulizi aliyesimama kando ya kiwambo akieleza kisa na kuwasemea wahusika. Kurutta ippeji (1926) ya Kinugasa Teinosuke haina maandishi ya maelezo. Ilidhaniwa imepotea hadi mwongozaji mwenyewe alipoipata mwaka 1971. Ugumu anaokutana nao mtazamaji wa leo hautokani na usanii wake tu. Kwa kiasi fulani unatokana na kukosekana kwa msimulizi.

Yawezekana kudai kwamba usimulizi ni nyongeza inayoiharibu kazi ya mwongozaji. Hata wanamageuzi wa sinema ya Japani wa miaka ya 1910 walidai hivyo. Hata hivyo, upinzani wao ni ushahidi wa nguvu aliyokuwa nayo benshi katika kuunda maana.

Suala hili linaigusa Afrika ya Mashariki. Kati ya 1935 na 1937, mradi wa BEKE, uliokuwa na makao yake Vugiri katika milima ya Usambara, ulitengeneza filamu 35 za kuwafunza Waafrika mambo kama kilimo, afya na uwekaji akiba. Picha zilipigwa bila sauti. Maelezo yalirekodiwa katika santuri, kwa Kiswahili na lugha nyingine. Filamu chache mno zimesalia. Mhakiki anayetegemea picha pekee huisoma nia ya mtawala, asijue jinsi lugha za wenyeji zilivyoibeba au kuigeuza.

Basi thamani ya kihistoria ya sinema bubu imo katika tukio zima la uoneshaji: picha, sauti na hadhira. Kijana wa Asumbi, Homa Bay, anayetazama filamu ya kigeni iliyosimuliwa na DJ Afro yu karibu na mtazamaji wa Tokyo wa miaka ya 1920 kuliko inavyodhaniwa. Usimulizi huo ni fasihi simulizi, nao unastahili kurekodiwa na kuhakikiwa sasa. La sivyo, watafiti wa kesho watarithi picha zisizo na msemaji, kama walivyorithishwa zile za Vugiri.